Viewpoint ni ya Mafala: Batad Unaingia na Mguu

Maze, wacha nikupange mapema usije ukachoma picha mbele ya watu. Ile picha ya matuta ya mpunga yenye kila msee hupost akienda Ufilipino, ile ya viewpoint ya Banaue, mikono juu, miwani kwa paji la uso? Hiyo mahali haiko kwa list ya UNESCO. Mwaka wa 1995 UNESCO ilichukua sehemu tano tu za mkoa wa Ifugao: Batad, Bangaan, Hungduan, Mayoyao na Nagacadan. Banaue yenyewe ikaachwa nje, juu mabati na mijengo ya simiti ilikuwa ishaingia katikati ya matuta. Kwa hivyo msee wa viewpoint amepanda basi usiku mzima, ameng'ara, amepiga luku, amerudi. Na hajafika.

Si tutafika. Funga kamba za viatu.

Form ni hii: siku mbili tatu, guide wa hapo hapo, mguu. Unaanzia Banaue, unateremka Batad, unalala kijijini, unapanda ukirudi. Ka una miguu ya ukweli, unaingilia kijiji cha Pula, unapitia cha Cambulo, unatokea Batad na upande wa nyuma ka mwenyeji. Hiyo ya pili ndio ya mbogi. Ya kwanza pia iko fiti, hakuna mtu atakucheka.

Najua venye wazae watabonga. Mbuyu ataweka chai chini, akuangalie ka amesikia umeuza ng'ombe. "Yaani unalipa ndio utembee?" Muachilie. Huyo ni mtu alikuwa anatembea kilomita kumi kwenda shule bila viatu, na kila Krisi hizo kilomita huongezeka. Saa hii ziko karibu thelathini. Hawezi elewa kutembea bila kengele ya odijo mbele.

Doo. Tubonge doo, juu hapa ndio watu huzimia. Hakuna ndege ya direct kutoka Nairobi hadi Manila. Unapitia Doha, Dubai ama Addis, na tiketi ndio itakula kibunda yako karibu yote. Lakini cheki hii: pasi ya Kenya inaingia Ufilipino bila visa, siku 30. Unahitaji tiketi ya kurudi, na pasi iwe na miezi sita mbele. Hakuna kupelekea mtu statement ya benki, hakuna barua ya chief, hakuna interview ya kuulizwa ka utarudi. Kuna nchi zinatutoza ndio zitukatalie, na bado watu wanapanga laini. Si tuende penye tunakaribishwa.

Manila usikae sana. Shika basi ya usiku ya Banaue, masaa tisa ama kumi hivi barabarani. AC ya hizo basi haina huruma. Beba hoodie, beba soksi nzito, beba leso ya mathe hata ka unaona ni ushamba. Saa nane usiku utaona nani ni mshamba.

Mangware mnashukia Banaue. Kwanza ofisi ya utalii: unajiandikisha, unalipa ada ya mazingira, unapata guide. Bei za guide na za gari ziko wazi, unasoma kabla ya kukubali. Sasa hapa nakuomba kitu moja, na sibongi jokes: usianze ile tabia yetu ya kubargain hadi mtu ajute kuzaliwa. Hiyo ni ya Gikosh, na Gikosh nayo imeizoea. Hapa unalipa bei, na ukimaliza unaongeza. Nitakuambia kwa nini.

Gari ni jeepney. Na manze, jeepney utaipenda papo hapo juu unajua hiyo familia. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia Wamarekani waliacha jeep zao kibao, Wafilipino wakazivuta, wakazirefusha, wakazipaka rangi hadi zikawaka. Majina ubavuni, watakatifu kwa kioo, honi za fujo. Nganya ya Rongai na jeepney ya Banaue zikikutana zitasalimiana ka mabinamu. Wasee wengine hupanda juu ya paa, na ukipanda utaona bonde lote, na pia utajua kwa nini dere anapiga honi kila kona. Ka mathe anasoma hii, si tulikaa ndani.

Na ukikaa Banaue kidogo, tafuta skuta za mbao. Scooter ya mbao kila kitu, gurudumu hadi usukani, na mbele imechongwa kichwa cha farasi ama simba. Hakuna injini. Unaipandisha juu, unaikalia, unaachilia mlima ufanye kazi. Kwa sherehe ya Imbayah wazee wamevaa wanoh, ile nguo ya kiunoni iliyofumwa, wanashuka nazo lami mbio ka wamewekewa moto nyuma. Wazae wa huko wananibamba kuliko wetu. Nimesema.

Barabara ya Batad zamani ilikuwa inaishia kwa Saddle, pale juu ya mgongo wa mlima. Siku hizi simiti imesogea mbele kidogo, lakini gari bado haiingii kijijini. Hapo watoto watakuuzia fimbo ya mwanzi. Nunua. Msee mwenye anakataa fimbo juu inamharibia luku ndio huyo huyo utamkuta baadaye anashuka na makalio.

Tubonge viatu sasa. Ndula nyeupe? Achana nazo. Najua zimekukula doo, najua zinaenda na hiyo kaptula. Matope ya Batad hayajui brand. Enda Gikomba, tafuta buti ya mtumba yenye meno chini, vaa ukipanda Ngong Hills mara kadhaa hadi ikujue. Ka Ngong inakulemea kwa kilima cha tatu, usibook Pula. Book godoro.

Na jiandae kisaikolojia kwa shosh. Kuna shosh atakupita. Utakuwa unahema, umesimama na kisingizio cha kupiga picha, halafu kamama ka miaka sabini kanapita na mzigo mgongoni, slippers, hakahemi, kanatabasamu meno mekundu. Hayo mekundu si damu, usitoke nduki. Ni moma: popoo na jani la tambuu na chokaa, vitu zile zile wazee wa Mji wa Kale Mombasa wanatafuna hadi leo. Ka umekulia Coast utajisikia nyumbani. Ka umekulia Eastlands utaomba uonje, na nitakuambia usiteme popote popote.

Kila kitu Batad kinaingia hivyo. Simiti ya kujenga, mtungi wa gas, soda, unga, tanki ya maji. Mgongo wa mtu. Kwa hivyo ukiona soda ya kijijini imepanda bei, funga mdomo. Hujalipia soda. Umelipia goti la msee fulani. Mimi bei nyingi za utalii huniudhi, kahawa ya airport hadi leo sijasamehe, lakini soda ya Batad nalipa na heshima.

Halafu unapiga kona, na bonde linafunguka.

Sikiza, hapa hata Sheng inaisha. Ni uwanja. Jukwaa la mlima mzima, ngazi juu ya ngazi ya mpunga kutoka kwa mto hadi karibu na mawingu, na kijiji kimekaa chini katikati. Kuta ni za mawe, moja juu ya nyingine bila simiti, na zingine zinapita urefu wa mchezaji wa basketball. Ka ni Aprili ama Mei, kila kitu ni kijani ya kuumiza macho. Juni na Julai inageuka dhahabu, mavuno. Mwanzo wa mwaka matuta yamejaa maji na mawingu yanajiangalia ndani. Mvua na vimbunga vinachacha kutoka Julai kuendelea, na mlima ukishikwa na maji hushuka na barabara, kwa hivyo panga mapema.

Sasa, njia. Hakuna njia. Unatembea juu ya kuta zenyewe. Upana wa jiwe moja ama mawili, upande huu matope ya mpunga, upande huu hewa. Guide atakuambia sheria moja tu: ukianguka, anguka upande wa matope. Simu inarudi mfukoni. Wasee wa live hapa ndio hupotelea, na kupotelea kwa content ya sekunde kumi na tano ni aibu ya milele.

Na hapo ndio unaanza kuelewa guide ni wa nini. Hiyo ukuta ni ya mtu. Ni urithi wake. Guide anajua ni ya nani, anajua gani imelegea baada ya mvua, anajua ni familia gani iko na matanga, anajua siku za mwiko zenye hakuna mtu anaingia shambani. Ukijipeleka mwenyewe na ramani ya simu, utakanyaga jiwe limelegea, ukuta utafunguka, maji ya tuta la juu yatashuka yabebe la chini. Msee atatumia siku kadhaa kurudisha mawe na mkono, moja moja, juu hakuna tingatinga inaweza ingia. Wewe utakuwa ushafika Manila unakula kuku.

Atakuita "sir" hata ka kaptula imetoboka. Wewe muite manong, ama manang ka ni dada amekupita umri. Muulize vitu. Si ile maswali ya "mnafurahia watalii?" Muulize maji yanatoka wapi. Ataonyesha juu, penye matuta yanaishia, kuna msitu. Unaitwa muyong, na si wa serikali, ni wa familia. Familia yenye tuta ina msitu wake juu, na inautunza: miti ya kujengea, kuni, dawa, na zaidi ya yote maji. Msitu unashika mvua, unaiachilia polepole, mifereji inaipeleka tuta la kwanza, linajaa, linamwagia la pili, hadi mtoni. Hakuna pampu. Hakuna injinia wa kaunti. Ukifyeka msitu, mpunga umekufa. Watoto wa hapa wanajua hiyo kabla ya kujua kusoma, na huko kwetu kuna watu wazima wamekata suti wanauza msitu na wanaita maendeleo.

Sasa risto ya umri. Ukifika utaambiwa matuta yana miaka 2,000. Iko kwa vitabu, iko kwa vibao. Hiyo hesabu ilitoka kwa wazee wawili wa zamani, Otley Beyer na Roy Barton, Wamarekani, mwanzo wa karne ya 20. Walicheki ukubwa wa kazi, wakakadiria, wakatupa namba. Wazae na makadirio! Ndio hao hao wa kilomita thelathini. Baadaye mwanaakiolojia Stephen Acabado akaenda na wenyeji wa Kiangan, hapo hapo Ifugao, wakachimba kijiji cha kale, wakapima mabaki. Jibu likawa lingine: zamani walikuwa wanapanda nduma, na matuta ya mpunga yalienea kwa kasi miaka ya 1600 hivi, Wahispania wakiwa washafika mabondeni. Kuna wenyeji bado wanashikilia ile ya miaka 2,000, na hiyo ni haki yao, ni babu zao.

Lakini mimi hii ya pili inanibamba zaidi, na nitakupigania hadi base. Fikiria. Mkoloni anashika mabonde. Watu wanapanda mlima, wanajipanga, na kwa vizazi vichache wanajenga ngazi zenye dunia nzima inakuja kucheki. Wahispania walikaa Ufilipino zaidi ya miaka 300, na Ifugao hawakuwahi kuishika sawasawa. Kumbe ile view yako ya status ni ngome. Watu walikataa, na walikatalia na mpunga.

Usiku ndani kijijini. Dishi ni wali, mboga, kuku, labda ka-glasi ka pombe ya mchele. Ni tamu, inateleza ka juisi, na inakungoja kwa ngazi kesho. Ka kuna nyumba ya asili ya kulala, lala huko. Nguzo nne, paa la nyasi lenye limeshuka chini ka kofia, na kila nguzo imevishwa duara la mbao chini ya sakafu. Hilo duara ni la panya. Anapanda, anagonga dari, anarudi chini akijilaumu. Ngazi inavutwa ndani usiku. Security ya bure, tangu zamani, bila soja wa kulala.

Usingoje show. Kuna nyimbo za huko zinaitwa hudhud, UNESCO nayo ilizitambua 2001, kisha ikaziweka kwa list yake 2008. Ziko zaidi ya 200, na moja kamili inaweza kula siku kadhaa. Zinaimbwa wakati wa mavuno na matanga, na wenye wanaongoza mara nyingi ni wamama wazee. Si za kuagiza ka ngoma kwa DJ. Ukikuta zinaimbwa, kaa chini, nyamaza, zima flash.

Kesho yake maporomoko ya Tappiya. Unateremka ngazi hadi mtoni, maji yanaanguka na nguvu ya kukutoa kofia, unajirusha pembeni penye guide amekuonyesha, unapiga mayowe juu ni baridi kinoma. Picha hapo iko sawa, piga, umeilipia na magoti. Halafu unaangalia juu, zile ngazi zote ulishuka ukiimba, na zote zinakungoja. Shosh ashapita.

Sasa ile kitu nilisema nitakuambia.

Mwaka 2001 matuta ya Ifugao yaliingizwa kwa list ya urithi ulio hatarini, na yakatolewa 2012. Tatizo kubwa? Watu wa rika yetu wanahama. Wanaenda Baguio, wanaenda Manila, wanaenda ng'ambo. Na huwezi walaumu. Mpunga wa asili hapo unaitwa tinawon, unavunwa mara moja kwa mwaka, na shamba ni dogo hadi familia nyingi zinanunua mchele wa bondeni zikimalizia mwaka. Ongeza konokono wa dhahabu, kitu ililetwa nchini miaka ya 1980 eti watu wafuge wakule; ikatoroka, ikaanza kukula miche. Ongeza minyoo mikubwa inatoboa kuta tuta likikauka. Na kwa mila, mtoto wa kwanza, awe boy ama girl, ndio anachukua shamba kubwa la wazazi. Wadogo wanajipanga. Huyo mdogo ndio guide wako. Ni second born mwenye amekataa kuhepa, na siku zenye hana wageni ndio anarudisha mawe ya ukuta yameanguka.

Ukimlipa vizuri, ana sababu ya kubaki. Ukimkatia bei ndio ubaki na ya bia Manila, umempa sababu ya kupanda basi. Iko rahisi hivyo. Ukuta ukiachwa misimu michache, nyasi inaingia, maji yanatafuta njia yao, na mlima unachukua vitu zake. Hakuna kamati ya UNESCO kutoka Paris itakuja kubeba mawe. Na ukipata mzee wa viewpoint kule Banaue amevaa manyoya kichwani na nguo nyekundu ya kufumwa, unataka picha naye, lipa pia. Kumpiga picha kwa kujificha ni wizi, na ni uchafu.

Ukitaka kurudisha kitu kejani, nunua tinawon, ile ya mkulima mwenyewe. Itakuwa bei kushinda pishori ya Mwea, na sababu ushaziona na macho. Kuna pia bulul, sanamu ya mbao ya kulinda ghala la mpunga. Ya kuchongwa juzi na msanii wa hapo, chukua, msee amekula. Mtu akikunong'onezea ati ako na ya zamani, nyeusi ya moshi, kutoka kwa ghala la babu fulani, kataa hata ka ni bei ya kutupa. Hizo zimeibwa sana, zikauzwa, zikaishia kwa sebule za watu hawajawahi panda hata sukuma. Chukua mpya, muulize aliyechonga aandike jina lake chini, umlipe kwa mkono wake. Basi ya Manila inaondoka jioni. Fika mapema ukae dirishani, na usisahau hoodie.